Maneno Niliyoyaacha Roma

Jumamosi, 4 Septemba 1999

Nimekwisha. Mimi Mahfoudh nimekwisha, tena kabla ya chakula cha mchana.

Shemeji Hatem kanipigia simu kazini. Hatem ni kaka wa mke wangu Nasriya, na hanipigii kazini ila ana la kujisifia. Mwezi uliopita lilikuwa dishi. Kanunua dishi kubwa, liko juu ya paa lake kule Madinat Sultan Qaboos, linajizungusha lenyewe likitafuta stesheni za dunia nzima kama kuku anayetafuta pa kutagia. Leo sauti yake ilikuwa imejaa sukari. Ati kanasa stesheni ya Wataliano. Ati Wataliano wanatangaza filamu ya zamani, itaonyeshwa Alhamisi jioni. Ati kwenye tangazo kuna mtu kavaa manyoya kichwani, mdomo wazi, na mtu huyo ni mimi.

Nikamwambia watu hufanana. Akasema pua yangu haijapata kufanana na ya mtu.

Kwa faida ya atakayeisoma shajara hii nikishakufa (huenda ikawa Ijumaa), naeleza. Mwanzoni mwa miaka ya sabini nilikuwa Roma nikiosha vyombo katika hoteli. Siku moja bwana mmoja wa sinema aliingia jikoni akitafuta choo, akaniona. Nikacheza filamu tatu. Ya kwanza nilisimama nyuma ya mti na mkuki. Mti ulitoka vizuri sana. Ya pili nilikuwa maiti, zikaonekana nyayo tu, lakini nyayo zenye hisia. Ya tatu, Laana ya Mto Mkavu, nilikuwa mfalme, na nilisema maneno. Kisha kazi yangu ya sinema ikafika mwisho, kwa sababu ambazo kila Iddi nazieleza kwa namna nyingine.

Maskati nzima inajua kwamba nilikuwa nyota Ulaya na kwamba filamu yangu kubwa ilifichwa kwa fitina. Mimi ndiye niliyewaambia. Kuonyeshwa kwake si tabu. Tabu ni yale maneno.

Mwongozaji aliniambia niseme chochote kwa lugha yangu, ilimradi nikasirike na mdomo uende. Wiki ile ile nilikuwa nimepata jawabu la posa. Nilimposa Nasriya kutoka huko huko Roma, kwa kupitia ami yangu, na ili posa iwe na uzito nikatia na picha yangu nimeshika mkuki. Mama yake, Bi Mahbuba, akajibu kwamba binti yake hamwozi mtu anayetembea porini bila kanzu. Basi nilipoambiwa kasirika, sikusumbuka. Nikapanda juu ya jiwe la plasta, nikanyoosha kidole, nikasema kwa Kiswahili fasaha cha Unguja:

“Ewe Mahbuba binti Khalfan! Mkono wa birika wee! Pilau lako nyama haikuingia, ilipita harufu tu kusalimia! Umeninyima binti yako, na mie namtaka hivyo hivyo! Na huyo mwanao Hatem, kichwa kama fenesi!”

Wataliano walipiga makofi. Mmoja alifuta machozi.

Roma nani anajua Kiswahili? Hakuna. Lakini Maskati! Hapa ukipiga chafya kwa Kiswahili, nyumba tatu zinakujibu.

Hatem na fenesi lake sina habari nao. Tatizo ni Mama, yaani Bi Mahbuba, anayekaa kwa Hatem. Marehemu baba mkwe ndiye aliyekuja kunioza, Mama hakutia neno, na tangu siku ile akaniita “huyo”. Huyo kashakula? Mwambieni huyo avue viatu. Nikampa wajukuu, nikabaki huyo. Nikampeleka Makka, akarudi hajati, na mimi nikarudi huyo. Mpaka Iddi iliyopita. Tumekaa, kahawa inazunguka, akanisogezea bakuli la halwa akasema, “Chukua, mwanangu.” Nikatoka nje mbio. Niliwaambia watu nimeingiwa na vumbi.

Mwanangu! Neno hilo nimelisubiri kuliko cheo. Akiyapata yale ya Roma, narudi kuwa huyo mpaka wanizike. Masikio yake siku hizi ni mazito, kweli, lakini chumba kizima kitakuwa na masikio, na Hatem ana mdomo.

Filamu isionekane. Basi.

Jumapili, 5 Septemba

Nimeipata njia, tena nyepesi! Filamu haina adabu!

Jioni nilimwambia Nasriya, kwa uso wa kuinamia chini, kwamba filamu ile haifai mbele ya mtu mzima kama Mama. Wataliano ni Wataliano. Kuna mambo humo. Akauliza mambo gani. Nikasema wanawake. Akauliza wamevaa nini. Nikasema kule kulikuwa na joto.

Nasriya akazima jiko.

Akataka kujua mimi nilisimama mbali au karibu. Akataka kujua majina. Akasema sasa ndiyo anaelewa kwa nini kila nikila tambi mimi hutazama mbali. Nikaona hila imegeuka mwelekeo, nikaapa kwamba hapakuwa na mwanamke hata mmoja, palikuwa na ngamia tu. Akauliza, jike? Nikaapa kwa Mola kwamba ni dume.

Matokeo: Nasriya, ambaye jana hakuwa na habari na filamu hiyo, sasa anaisubiri kuliko Hatem. Anataka kumwona ngamia kwa macho yake.

Nalala kwenye kochi. Kochi letu fupi.

Jumatatu, 6 Septemba

Mtu mwenye akili hashindani na wanawake. Hushindana na chuma.

Nilitoka kiwandani Rusayl mapema (mimi ndiye mkuu wa ghala la biskuti, ghala halikimbii), nikaenda moja kwa moja mpaka kwa Hatem. Saa nane mchana. Jua linapasua mawe, watu wote wamelala baada ya chakula, hata paka wamelala. Ngazi ya chuma iko nyuma ya nyumba. Nikapanda.

Dishi lilikuwa la moto kama chuma cha chapati. Nikavua kilemba, nikajifunga mikononi, nikalisukuma. Halikwenda. Nikalisukuma kwa bega. Halikwenda. Nikalipiga teke, nikamwita Hatem jina baya, likaguna, likageuka kidogo. Alhamdulillahi! Kanzu yangu ikanasa kwenye msumari, ikachanika mpaka mahali pasipotajika.

Kutazama chini, namwona Bi Mahbuba uani, kaja kuanua kanga zake. Ananitazama.

“Mwanangu!” akapiga ukelele. “Mwanangu, shuka, utavunjika!”

Nilitaka kuanguka kweli. Si kwa kizunguzungu cha paa, kwa lile neno. Mara mbili kalisema! Nikashuka. Nikamwambia nilikuwa nakaza dishi ili Alhamisi aone vizuri. Akanipa dua ndefu, yeye na mikono yake imeinuliwa, kisha akaniletea maji ya ukwaju, kisha akaniambia nisimame nyuma ya mlango nimpe kanzu. Akanishonea. Nimesimama nyuma ya mlango kwa Hatem, nimevaa kikoi cha Hatem, nakunywa ukwaju, na mwanamke niliyetaka kumnyima raha yake ananishonea kanzu kwa mkono. Sijapata kujiona mdogo namna ile.

Lakini kazi imekwisha. Dishi limepotea njia.

Jioni Hatem kapiga simu. Ana furaha imemtoka puani. Anasema Wataliano tangu mwanzo walikuwa wanaonekana kama wako kwenye theluji, lakini leo, ghafla, wako wazi kama maji ya kisima, unaweza kuhesabu ndevu zao. Anasema dishi zuri hujirekebisha lenyewe. Anasema huo ndio ufundi wa Wajarumani.

Sikula.

Jumanne, 7 Septemba

Usiwazuie watu kwenda mahali. Waite mahali pengine! Mbona sikufikiria hivi tangu mwanzo?

Nyumbani kwangu Al Khoudh hakuna dishi. Kuna antena moja tu, upepo ukikubali huonyesha taarifa ya habari. Basi nikampigia Hatem, nikasema Alhamisi wote waje kwetu, karamu, mbuzi mzima, Nasriya kasema lazima. (Nasriya alikuwa hajaambiwa.) Hatem akafurahi mno. Nikaona ajabu. Nikauliza na filamu je? Akasema filamu haina shida, alikuwa hajui afanye nini, lakini sasa mimi nimemfungua akili. Atairekodi kwenye kanda ya video, aje nayo Al Khoudh na mashine yake. Tena anaona kanda hiyo aitoe nakala, apeleke Dubai kwa binti wa ami yake, na moja Unguja, na moja kwa Masouda aliyeko London, maana Masouda hakupata kuamini kwamba mimi nilikuwa nyota.

Yarabi. Nilikuwa na moto mmoja chumbani, sasa nimeuchukua nikaugawa kwa ukoo.

Nikampigia tena kuvunja karamu. Nikasema jiko letu limekufa. Nasriya alikuwa nyuma yangu. Hajawahi kuwa na jiko zuri kama hili, kalinunua mwezi wa sita, analifuta kila siku kwa kitambaa chake peke yake. Akataka kujua nani kaniambia jiko lake limekufa. Akataka kujua pia mbuzi gani. Karamu imevunjika, filamu imerudi kwa Hatem.

Balqees, binti yetu, anayesoma hapa chuo kikuu, amenitetea. Kasema Baba ana wasiwasi tu kwa sababu ni msanii, wasanii hawapendi kujitazama. Kasema yeye keshawaambia wenzake darasani kwamba baba yake ni mfalme, na wawili watakuja.

Nimemshukuru. Nilichotaka kumwambia si hicho.

Jumatano, 8 Septemba

Asubuhi niliamka na mgongo. Nilimwambia Nasriya siwezi kugeuka, pengine filamu iahirishwe. Akasema filamu ya Wataliano haiahirishwi kwa mgongo wa mtu wa Al Khoudh. Nikalia kidogo. Akapiga simu kwa mama yake. Kufika saa nne, Bi Mahbuba yuko juu ya kitanda changu na mafuta ya nyonyo, ananichua. Mikono ya yule mama! Niligeuka. Niligeuka pande zote. Akasema, “Mwanangu umepona,” na kweli nilikuwa nimepona maradhi ambayo sikuwa nayo.

Akaniambia kitu kingine, polepole, huku anafunika chupa. Kwamba zamani alikataa posa yangu bila kuniona, kwa picha tu, na kesho anataka kumwona vizuri huyo kijana aliyemkataa alikuwaje.

Nikageukia ukutani.

Imebaki njia ya mwisho, kujitetea. Walipoondoka wote nilisimama mbele ya kioo nikafanya mazoezi. “Mama, Mahbuba lilikuwa jina la ngamia.” Halikutoka vizuri. “Mama, ngamia wetu tulimpa jina lako kwa heshima.” Baya zaidi. “Mama, alikuwa ngamia mzuri mno, hana mfano.” Kisha nikakumbuka nimemwapia Nasriya kwamba ngamia ni dume.

Kumbe Balqees yuko mlangoni. Anauliza, Baba, nani unamwita ngamia?

Nimesema ni mazoezi ya sanaa.

Alhamisi, 9 Septemba

Naandika usiku huu huu. Yametokea mawili, na la pili limelila la kwanza.

Kwa Hatem palijaa. Sambusa, kachori, mkate wa kumimina, kahawa. Hatem kavaa kanzu mpya kama anayeoa. Mashine ya video iko tayari na kanda ndani. Bi Mahbuba kapewa mto mbele kabisa, pua yake na kioo cha televisheni ni shubiri moja. Hukaa hivyo siku hizi. Nasriya kakaa kama hakimu.

Filamu ikaanza. Mzungu mwenye kofia. Mchanga. Ngamia akapita, Nasriya akainamisha kichwa, akatazama, akaridhika. Kisha ngoma, kisha wapiga mbizi wenye mikuki, mtoni pakavu, sijui wametoka wapi, kisha mimi.

Chumba kikapiga kelele. Nilikuwa mwembamba! Nilikuwa na shingo! Wenzake Balqees wakapiga makofi. Nikajiona napanda jiwe la plasta, nikajiona nanyoosha kidole, nikafumba macho. Nikapiga shahada.

Mdomo wangu ukafunguka na ikatoka sauti ya mzee. Mzito, anakoroma, kama anaita watu kutoka ndani ya kisima. Kitaliano!

Nikafumbua jicho moja. Kitaliano kitupu! Mfalme Mtaliano, walinzi Wataliano, yule Mzungu mwenye kofia, ambaye nakumbuka alikuwa Mwingereza na alikuwa akihesabu moja mpaka kumi badala ya kusema maneno, naye Mtaliano. Hata ngamia sina hakika kama sauti ni yake. Kumbe ndivyo walivyofanya kazi! Wanapiga picha kwanza, sauti wanaitia baadaye kwa watu wengine. Sema chochote, ilimradi mdomo uende. Na mimi miaka yote nilidhani yule bwana ameniachia uwanja kwa sababu ya kipaji.

Iliniuma kidogo hapo. Kama kuumwa na sisimizi. Kisha furaha! Hakuna aliyesikia! Hakuna Mahbuba, hakuna birika, hakuna fenesi! Nikamkumbatia Hatem, akaogopa. Akanilaumu kwamba kawaambia watu nitasema Kiswahili. Nikamwambia, shemeji, sanaa ndivyo ilivyo. Nikala sambusa kwa mikono miwili.

Hilo ndilo la kwanza.

La pili, nikamwona Mama. Wote wanacheka na kunipa mkono, yeye hacheki. Anatazama kioo. Akamgusa Hatem mguuni: “Rudisha.” Hatem akarudisha kanda. Nikapanda jiwe tena, nikanyoosha kidole. “Rudisha.” Nikapanda tena. Mara ya tatu nikapanda, na kidole changu kinamwelekea yeye usoni.

Hapo ndipo akili ilipokuja, imechelewa kama kawaida yake. Tangu masikio yawe mazito, ukizungumza na Bi Mahbuba lazima umwelekee. Yeye hatazami macho, hutazama mdomo. Mimi nilidhani anapendezwa na sharubu zangu. Na kila jambo analijibu sawasawa, hakosi hata neno.

Sauti waliibadilisha. Mdomo ni ule ule.

Akainuka, akajitanda mtandio, akawaambia watu wote na hakumwambia mtu: “Huyo aje kesho baada ya Ijumaa.” Akaenda kusali.

Huyo.

Nasriya akaniuliza mbona nimekuwa mweupe.

Ijumaa, 10 Septemba

Sikusikia hotuba ya msikitini. Najua ilikuwepo.

Nikaenda. Hatem na watu wake wamelala. Mama yuko peke yake kwenye chumba chake, kitanga kimetandikwa, sinia limefunikwa na kawa. Akaniambia nikae. Nikakaa kama anayesubiri kunyolewa. Akafunua.

Pilau. Lakini sijui kama ni pilau. Ilikuwa nyama. Nyama juu, nyama pembeni, mifupa yenye uboho imesimama kama minara, na chini kabisa, kwa mbali, wali. Mbuzi mzima kaingia humo na nadhani na jirani yake.

“Kula,” akasema. “Nisije nikaambiwa imepita harufu tu kusalimia.”

Tonge likasimama mdomoni. Nikaanza kusema ngamia. Nilisema, “Mama, kulikuwa na ngamia...” akanyanyua mkono. Akasema ngamia kamwona, kapita, hana neno naye.

Kisha mabega yakaanza kumtikisika. Nikadhani analia, nikataka kwenda kumwita Nasriya. Kumbe anacheka! Anacheka mpaka anajishika ubavu, mpaka kitanga kinasogea. “Fenesi!” anasema. “Kama fenesi, wallahi! Mie nimekizaa kichwa kile, mie nnakijua! Wakunga wawili walikuja!” Akapangusa machozi kwa ncha ya mtandio, akacheka tena. Kwa ukuta wa pili Hatem anakoroma.

Alipotulia akaniuliza jambo moja. Kwa nini alirudisha kanda mara tatu, najua? Nikasema sijui. Akasema mara ya kwanza aliona mkono wa birika, akaniwekea kinyongo. Mara ya pili aliona pilau, akaniwekea zaidi, akasema moyoni kesho namfukuza. Lakini katikati palikuwa na neno limempita, akataka kulishika. Mara ya tatu akalishika. *Na mie namtaka hivyo hivyo.*

“Mtu kanitukana mbele ya Wazungu,” akasema, “kavaa manyoya ya kuku, na katikati ya matusi bado anamtaka mwanangu. Basi nikasema, huyu hakuwa mhuni. Huyu alikuwa mgonjwa.”

Nikasema ndiyo, Mama.

Akasema watu wa kule porini waliweka laana, na laana ile imempata kweli: alinikataa mimi, akanipata mimi. Akasema Nasriya hatomwambia, atamtia kiburi. Hatem hatomwambia, atakwenda kujipima kichwa. Kanda imo ndani ya sanduku lake la nguo, na Masouda wa London angoje. Kisha akachukua mfupa ule mkubwa kuliko yote, akaugonga kwenye sinia uboho ukatoka, akautia mbele yangu.

“Kula, mwanangu, usiniaibishe.”

Nimekula. Nimekula mpaka nikaona nyota. Nimetoka pale nimeinama kidogo kwa shibe, kanzu imekaza, moyo mwepesi kama karatasi. Njia yote mpaka Al Khoudh nilikuwa naimba, na sijui wimbo hata mmoja mpaka mwisho.

Alhamdulillahi. Alhamdulillahi. Mtu hupata funzo mara moja tu katika maisha, na mimi nimelipata. Ulimi ni wa kufungwa. Sitomtaja mtu tena kwa jina mbele ya kamera, hata kama yuko mwezini.

Jumatatu, 27 Septemba

Siku tukufu!

Kiwanda kinaanza kuuza biskuti Afrika Mashariki, na mkurugenzi wetu, Mhindi mmoja mwema, anataka tangazo la televisheni kwa Kiswahili. Akauliza nani hapa kiwandani anajua Kiswahili na hana haya. Ghala zima likanionyesha kidole.

Wakaja wapiga picha leo. Tangazo lenyewe ni hivi: mzee mkali, kakasirika na dunia, anagombana na watu wasioonekana, kisha anauma biskuti, anatabasamu. Tabasamu sina shida nalo. Ukali ndio ulionichelewesha. Tangu Ijumaa ile nina furaha, nikikasirika sura inatoka ya mtu aliyepoteza kiatu. Mpiga picha, kijana wa Bombay asiyejua hata “jambo”, akaniambia nisijali maneno, niseme lolote la moyoni, ilimradi nikasirike kweli.

Nikamfikiria Hatem. Juzi kaniambia mbele ya watu kwamba, kwa kweli, mti wa filamu ya kwanza uliigiza vizuri kuliko mimi.

Ikatoka yenyewe! Nilimtaja yeye, na baba yake, na mtaa wake. Nilianza na dishi, nikapita kwenye kichwa, nikamalizia kwa ile safari aliyosema anajua njia ya Nizwa akatupeleka mpaka jangwani. Ndipo nikauma biskuti. Waliokuwepo walipiga makofi. Mmoja alifuta machozi.

Si kama sikutahadhari. Mimi si yule kijana wa Roma. Nimeuliza kwanza: tangazo litaonyeshwa huku? Wakasema hasha, huku hapana, ni kule tu, Unguja, Dar na Mombasa, kuanzia wiki ijayo, kila jioni kabla ya taarifa ya habari. Nikapumua. Kule nani anamjua Hatem? Ukoo wa mama yake, basi, na wale wa mtaa wa Ng'ambo, na jamaa zake wa Mombasa. Naye mwenyewe wala hatokuwapo nyumbani kunisumbua, Alhamisi anaruka kwenda Unguja kwenye harusi, atakaa mwezi mzima. Mama anakwenda naye. Nyumba zitatulia!

Kabla hawajafunga vyombo vyao nilimwita yule kijana pembeni, maana yale ya Wataliano bado yananichoma, nikamuuliza kama na wao watanitia sauti ya mtu mwingine. Akashtuka. Akasema sauti yangu ndiyo waliyoipenda kuliko yote, ndiyo maana walinisogezea maikrofoni ya pili, hawataondoa hata herufi moja.

Nimefurahi sana. Safari hii watu watanisikia.